Mlinzi wa Daraja Hamalizi Salamu

Mimi nauza kahawa, siamui kesi, lakini benchi langu la pale kona halijui hilo. Asubuhi hiyo Fundi Solda, anayetengeneza redio na mashine za gemu, alikuja amekumbatia runinga ndogo, akachomeka waya kwa jirani yangu Kinyozi. Miaka mitatu yeye na wenzake wa mtandaoni wamelihamisha gemu la kale la safari na mapanga, kutoka kwenye mashine iliyokufa zamani hadi kwenye mashine mpya aliyoifumua akaichokonoa mwenyewe. Utotoni alilicheza na dada yake mpaka kwenye daraja, mashine ikaungua, ya ng'ambo wasiyajue. Leo dada anahamia kazini mbali, basi lake linaondoka saa nne, na Fundi ameapa atamvusha kwanza. Maneno ya kuanzia mwanzo hadi darajani aliyatia Kiswahili sisi tukimsaidia. Hapo ndipo tulipoharibu.

Mlinzi wa daraja akauliza: "Habari za nyumbani?" Fundi akabonyeza "Nzuri." Za kazi? Nzuri. Za wagonjwa? Nzuri. Za tangu jana? Nzuri. Habari za nyumbani?

Kinyozi: Hii ya kumi na mbili! Nyumba gani hiyo inaulizwa hivyo?

Fundi: Nilitaka awe na adabu. Salamu ikiisha, anafungua.

Kinyozi: Na inaishaje?

Fundi: Ndiyo naitafuta, jamani!

Wakili, tunayemwita hivyo kwa kuwa aliwahi kuwa shahidi mara moja, akakohoa.

Wakili: Kisheria, salamu haina kikomo.

Mimi: Nyamaza. "Za tangu jana" uliitia wewe.

Wakili: Na "za wagonjwa" nani?

Nikamimina kahawa. Mtu mstaarabu huuliza wagonjwa, mimi sijutii.

Kinyozi: Huyo anataka kitu kidogo. Mkono mtupu haulambwi.

Fundi akampa mlinzi dhahabu yote ya shujaa. Mlinzi akasema: "Ahsante. Habari za nyumbani?"

Kinyozi: Lo! Kala na hajashiba!

Wakili: Si njaa hiyo. Ni mpelelezi. Anakusanya habari za majumbani mwetu. Wahenga walisema mficha uchi hazai.

Mimi: Hiyo inahusu nini hapa?

Wakili: Inahusu usalama.

Kinyozi: Basi mimi nimeng'amua. Upande wa pili daraja halijajengwa! Anatuchelewesha wamalize. Haraka haraka haina baraka, huo ni msemo wa wakandarasi.

Fundi: Saa tatu na nusu hii. Nimemwahidi, jamani. Nitamwangaliaje?

Nikamwonea huruma. Wakili hakumwonea. Alisimama.

Wakili: Sikilizeni. Sisi tumekaa benchi hili miaka tisa. Kila asubuhi habari za nyumbani, nzuri, za kazi, nzuri. Nani amewahi kuvuka hata hiyo barabara? Ndugu zangu, kuna mtu anatubonyeza!

Kinyozi akajipapasa kisogoni.

Kinyozi: Kweli hapa pana kinundu.

Ndipo dada yake Fundi akafika, begi mkononi. Akaisoma runinga, salamu ikazunguka mara mbili.

Dada: Na huyu shujaa, yeye amemuuliza mlinzi habari zake?

Wakili akatazama viatu. Kinyozi akachungulia kikombe ambacho hakikuwa na kitu. Vichwa vitatu tulikaa wiki nzima kutunga salamu ile, na hilo halikumjia hata mmoja.

Fundi: Sikumwekea. Shujaa anajibu tu.

Dada: Anajibu tu.

Akacheka kidogo, akaketi juu ya begi lake. Fundi alimtazama, na aibu ikampanda usoni tukiiona. Miaka mitatu dada alikuwa akimletea chakula kibandani, naye akipokea bila kuinua macho kutoka kwenye waya.

Fundi: Dada. Habari zako? Za kuondoka?

Dada: Naogopa, mdogo wangu. Naogopa sana. Nilikuwa nasubiri uniulize.

Fundi akaiweka chini ile rimoti ya gemu, akamshika mkono. Nikainamisha birika, halikutoa tone. Kwenye runinga mlinzi akauliza habari za nyumbani, na Kinyozi, kwa mazoea yake, akanyoosha kidole abonyeze "Nzuri."

Nikamchapa mkono.