Aliyesoma Hali ya Hewa Mara Mbili

Nyinyi mnaonong'ona huko nyuma kwamba dada mtu atampamba mdogo wake, fungeni midomo, kwani haya yana tarehe na mashahidi, na mwenye shaka angemuuliza marehemu alipokuwa hai badala ya kumcheka.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1941, kitinda mimba wa fundi viatu, akasoma hadi kumaliza sekondari mwaka 1960, akiwa na sauti nzuri na mwandiko wa kuku, na tarehe 3 Januari 1966 akaajiriwa televisheni kusoma habari. Mwaka 1968 alifunga ndoa na muuguzi, wakajaliwa mabinti wawili.

Ijumaa, tarehe 11 Novemba 1983, mataifa makubwa yakitishiana kwa mabomu ya nyuklia, katikati ya taarifa ya saa saba mchana aliletewa karatasi isemayo makombora yamerushwa, nayo ilikuwa na sahihi moja tu, ya mhariri mkuu, ilhali kanuni ya chumba cha habari ni sahihi mbili, ya pili ikiwa ya mthibitishaji. Marehemu akaifunika kwa kiwiko, akasoma hali ya hewa, na mhariri alipomfokea kwenye kifaa cha sikioni, "Soma, mwoga we, unangoja nini!", akaisoma tena, manyunyu yaleyale, taratibu, mpaka simu ikaingia kwamba yalikuwa mazoezi ya kijeshi.

Mhariri, kuficha aibu yake, aliandika kwamba msomaji alishikwa na woga, akamtupa stoo ya kanda za video miaka kumi na minane hadi kustaafu, na mtaa ukamwita Bwana Manyunyu, mabinti zake wakizomewa shuleni. Dada yake, ndiye mimi ninayesoma haya, alipomwambia, "We mwanamume, hebu jisemee!", alijibu, "Dada, watu walimaliza kula kwa utulivu, yatosha." Haikutosha. Mthibitishaji yupo hapa, bibi yule mwenye miwani, muulizeni.

Marehemu aliugua mapafu tangu 2019, akafariki hospitalini tarehe 4 Juni 2021.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani walioleta viti na maji, na wenzake wa stoo ya kanda, ambao hawajaondoka tangu juzi. Mhariri mkuu naye, aliyekaa safu ya mbele na kuomba nafasi ya kumsifu marehemu, amekubaliwa, ila si mbele yetu, kwani aliyekosewa ni mmoja, naye amelala hapo.

Pumzika kwa amani, mdogo wetu, ukishamsikiliza.

Sasa sote tunatoka, mhariri abaki, na dada yake marehemu, akiwa wa mwisho, anaufunga mlango.