Mama Taa Anakabidhi Chumba Chake cha Giza

Kuna jambo sijamwambia mtu yeyote. Ukurasa wa kumuaga mtu huenda si mahali pake, lakini nisipoliandika hapa sitalisema kabisa, najijua. Jicho langu la kushoto lina mahali pasipoona. Nimelibeba jambo hili tangu wiki iliyopita, na mtu niliyepaswa kumwambia kabla ya wengine ndiye huyu tunayemuaga.

Basi tuanze inavyotakiwa. Ijumaa hii, tarehe thelathini, Mama Taa anastaafu baada ya miaka thelathini na mmoja ya kuhudumia wagonjwa wa macho. Kazini mnamwita Mama Taa. Kwetu ni Mama Mkubwa, dada wa mama yangu. Nasikia wasifu huu ulizunguka kliniki nzima kutafuta mwandishi: muuguzi alimsukumia mpokea wagonjwa, mpokea wagonjwa akamsukumia daktari, na daktari akasema akiandika yeye atatafutwa mfamasia wa kuusoma. Ndipo ukaniangukia mimi, kwa kuwa nasoma kwa lugha mbili, na inasemekana nisichoweza kukitamka huwa nakiandika.

Mama Mkubwa alianza kazi wodini. Alipelekwa kliniki ya macho kushika nafasi ya mwenzake aliyekuwa likizo ya uzazi. Mwenye nafasi aliporudi, Mama Mkubwa alijifanya hasikii kabisa habari za kurudi wodini, na kwa bahati nzuri hakuna aliyezirudia mara ya pili.

Siku zile alisimama kando ya ubao wa herufi akiwa na kijiti. Alipokielekeza kwenye mstari wa juu, mzee mmoja alimjibu kwa upole kwamba herufi zile anaziona vizuri sana, ila hajawahi kutambulishwa kwazo. Mama Mkubwa alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akaenda stoo kutafuta ubao wa alama zinazoelekea juu, chini na kando, ambao mgonjwa anaonyesha kwa mkono tu, na huo ndio mnaoutumia hadi leo kwa wasiosoma.

Halafu ikaja mashine ya taa. Wengi waliikwepa, yeye akaipenda. Kwa msomaji ambaye hajawahi kuingia humo: ni chumba kisicho na dirisha, chenye bakuli kubwa jeupe unaloingiza uso. Jicho moja linafunikwa, la pili linatazama nukta ya katikati bila kuhama. Vitaa vidogo vinawaka huku na huku, vingine hafifu mno, na kila unapokiona kimoja unabonyeza kitufe. Ndivyo inavyopimwa sehemu ya pembeni ya kuona kwako, ile ambayo ubao wa herufi hauiulizi.

Shida ni kwamba watu wanaingia humo kama wanaingia kwenye mtihani. Kuna mwalimu wa hesabu aliyegundua kwamba mashine inalia kidogo kabla ya kila taa, akawa anabonyeza kwa kufuata mlio. Majibu yakaonyesha kwamba anaona hata taa ambazo hazijawashwa. Mama Mkubwa hakumwaibisha. Alimpa maji, akamrudisha kwenye kiti, na tangu hapo kila mgonjwa husikia maneno haya kabla mlango haujafungwa:

"Hapa hakuna kufaulu. Nusu ya taa hizi hata mimi sizioni. Ukiona, bonyeza. Usipoona, tulia."

Wenzake wanasema kuna watu waliolala usingizi mle ndani kwa jinsi sauti hiyo inavyotuliza.

Mgonjwa aliyebadilisha mambo alikuwa fundi cherehani, mwenye miwani mizito kuliko yote iliyokuwa foleni siku hiyo. Alikuwa akibadilisha lenzi kila mara na kulalamika kwamba pini anazoziweka mezani zinahama zenyewe. Wateja wake walishamtania kwamba ofisi yake ina majini. Presha ya macho ilipimwa, ikawa ya kawaida. Alikuwa ameshavaa kofia aondoke, Mama Mkubwa akamwomba daktari ampitishe kwanza chumba cha taa. Wakakuta kipande kizima cha kuona kimepotea kwenye jicho la kulia. Ilikuwa glakoma, ugonjwa unaoharibu mshipa wa jicho, na hakuwa amehisi maumivu hata kidogo.

Shuleni nilisoma habari za jicho kwa ile lugha nyingine, ya kigeni. Nilichora mchoro, nikaandika majina ya sehemu zake, nikapata alama nzuri, na wala sikujua kwamba ninayesomwa ni mimi. Nilikuja kuelewa jikoni, Mama Mkubwa akinieleza huku anachambua mchele. Mtu asiyeona mbali, alisema, mara nyingi jicho lake limerefuka kwenda nyuma. Huko nyuma ndiko unakoanzia mshipa wa fahamu unaopeleka picha kwenye ubongo, na jicho likirefuka mahali hapo panavutwa na kuwa dhaifu. Presha ambayo jicho la mtu mwingine lingeivumilia, kwake inaweza kuua mshipa polepole. Miwani ikizidi uzito, na hatari inapanda. Wengi wenye miwani mizito hawatapata glakoma maisha yao yote, hilo alilirudia nisije nikakosa usingizi. Lakini inaanzia pembeni, haiumi, na jicho la pili linaziba pengo, kwa hiyo mtu anailaumu miwani. Hata daktari inamsumbua, maana mshipa wa jicho refu huwa umekaa upande tangu mwanzo, na ni vigumu kujua kama umeharibika au ndivyo ulivyo. Kilichopotea hakirudi. Kilichobaki kinalindwa, mara nyingi kwa matone ya kila siku.

Baada ya fundi yule, yeye na daktari walikubaliana kwamba kila mwenye miwani mizito apitishwe chumba cha taa, hata presha yake ikiwa nzuri. Utaratibu huo bado upo. Kuna watu mjini wanaona hadi leo kwa sababu yake, na wengi hawamjui hata kwa sura, maana walikutana naye gizani. Fundi mwenyewe anaendelea na matone yake. Gauni la Ijumaa kalishona yeye.

Sasa nyumbani. Sisi ni ukoo wa miwani. Asubuhi kwetu watu wanapapasa meza kabla ya kusalimiana. Mama yangu aliwahi kutoka chumbani bila yake, akaliamkia koti lililotundikwa mlangoni, tena kwa heshima zote, na Mama Mkubwa akaitikia kwa niaba ya koti. Yeye mwenyewe hupimwa kila mwaka, bila kukumbushwa. Mimi, mwenye miwani ya namba hasi nane, ameniita kwenye chumba chake mara nyingi, na kila mara nimekuwa na mtihani, au homa, au mvua.

"Wewe mtoto unakimbia taa kama mende," aliniambia mara ya mwisho, mbele ya wageni. Wakacheka, nikacheka nao, na likizo ikaisha. Mashine haikunitisha hata siku moja. Majibu ndiyo niliyoyaogopa.

Wiki iliyopita sabuni iliniingia jicho la kulia. Nikalifunika kwa kitambaa, nikavaa miwani, nikatazama saa ya ukutani. Swichi ya taa iliyo chini yake, upande wa kulia, haikuwepo. Nikahamisha macho, ikarudi. Nikatazama saa tena, ikaondoka. Najua kila jicho lina kidoa chake cha asili kisichoona, upande wa sikio. Mama Mkubwa aliwahi kutuonyesha kwa vizibo viwili vya chupa. Changu kiko upande wa pua.

Nimenyamaza kwa sababu nyumba nzima ina furaha. Mama anapanga viti, simu hazikatiki. Na kwa sababu najua atakachojiambia: kwamba amepima mji mzima akamruka mtoto wa nyumbani. Si kweli, Mama Mkubwa. Hukuniruka. Nilikimbia.

Kijana anayechukua nafasi yake amefundishwa naye, na kila mtu anasema ana mkono mzuri. Sina neno juu yake. Lakini mimi nikiingia mle ndani na mlango ukafungwa, nataka kusikia sauti ileile.

Leo ni Jumanne. Naandika chumbani, na siku zote hizi kila nikisikia mtu nimekuwa nikisukuma karatasi chini ya mto, nao wakaniacha wakidhani nalinda siri ya sherehe. Mama Mkubwa yuko hapa, amekuja kujaribu gauni. Namsikia akimuuliza mama mbona siku hizi sitoki chumbani, na mama anamjibu kwamba ni umri. Hajaridhika na jibu hilo. Viatu vyake vya kazini, vile vya mpira, vinalia kwenye sakafu ya ukumbi, vinakuja huku.

Karatasi naiacha mezani, maandishi juu.

Mama Mkubwa, kwa niaba ya kliniki nzima, asante kwa kila mtu uliyemwambia atulie gizani. Wenzako wanakuombea afya njema, usingizi mrefu na asubuhi zisizo na foleni. Mimi nitakutakia hayo yote Ijumaa. Leo bado uko kazini.