Sajini Aliyenilinda Huku Akinishuku

Sogeeni, wanangu, na wewe mama yao niinulie mto, maana pumzi niliyo nayo inatosha jambo moja tu na sitaki kulisema nimelala kama gunia. Karakana ya kufuli ni ya dada yenu mkubwa, kwani ndiye pekee aliyekubali kuchafua mikono. Nyumba ni yenu nyote, na anayetaka kuiuza asubiri kwanza nipoe. Hayo yamekwisha. Sasa sikilizeni nililowaficha: baba yenu nimewahi kukaa mahabusu, na sijapata kupapenda mahali kama pale.

Duka la vitambaa la jirani yetu liliibiwa, na mlango haukuwa na hata mkwaruzo. Watu wakajiuliza, nani hapa anafungua kufuli bila kulivunja? Saa sita mchana nikawaona wanakuja na mipini ya majembe, mbele yao mjomba wenu, huyu huyu anayejifuta machozi hapo mlangoni, kashika mpini niliomwazima mimi. Nikatimua mbio hadi kituo cha polisi, nikamwambia mama mmoja, sajini aliyekuwa zamu, “Afande, nikamate!”

“Kwa kosa gani?” akauliza bila kuinua macho.

“Wizi wa vitambaa!”

“Umeiba?”

“Sikuiba!”

“Basi usinipotezee muda.”

Kisha akasikia kelele za nje. Akanisukuma mahabusu, akavuta mlango, kufuli likagoma kwa kutu. Akanitazama, nami nikamtazama. “Si wewe ndiye fundi?” Mganga hajigangi, husema watu, lakini mimi nilipitisha mikono kwenye nondo nikajifungia mwenyewe kwa kibanio cha nywele za afande, na sijawahi kufanya kazi kwa moyo kama siku ile.

Yeye akasimama kizingitini peke yake. “Huyu ni mtuhumiwa wangu,” akawaambia. “Namshuku kuliko ninyi nyote, na nitamhoji mpaka ajute kuzaliwa. Lakini atakayemgusa, namweka chumba hicho hicho.”

Mjomba wenu akasema, “Afande, ni shemeji yangu, nina haki naye!”

“Haki ya kumletea chakula,” akajibiwa.

Na kweli alinihoji siku tatu, hadi nikakiri kwamba utotoni niliiba sukari. Siku ya nne akavipata vitambaa. Kikulacho ki nguoni mwako, na nguo zenyewe zilikuwa chini ya kitanda cha mdogo wa mwenye duka, aliyekuwa na ufunguo wa pili, na ndiye aliyepiga kelele kuliko wote. Akaletwa kituoni mimi nikiwa natoka, na umati nyuma yake, mipini ile ile. Wanangu, nami niliutamani mpini. Sajini akaniita, “Fundi, njoo tushike mlango.”

“Afande, huyu kaiba kweli!”

“Na wewe juzi ulikuwa umeiba kweli. Waulize.”

Nikauegemea mlango kwa mgongo. Pengo hili la jino, nililowaambia ni la daktari, ni la jiwe alilorushiwa mwizi likanikuta mimi.

Mjomba wenu nimemsamehe. Ila jeneza langu alibebe nyuma, mbele huwa anapandwa na jazba. Na wewe, kitinda mimba, jana uliingia unahema, ukajisifu kwamba mmemfukuza muuza matunda kwa ajili ya simu iliyopotea, na sasa kajificha kwenye jengo bovu nyuma ya soko. Nenda ukamtoe. Mpeleke kituoni, ukae naye benchi moja mpaka jina lake liandikwe. Kama kaiba, ataulizwa. Kama hakuiba... maji, mama yao... ataulizwa vile vile, lakini akiwa hai.

Mola awape mkono mzito wa kuokota jiwe, na mguu mwepesi... wa kumfikia aliye peke yake. Usinishike mkono, mwanangu. Nenda sasa. Mimi... nitakusubiri.