Mgongo Uliolia

Basi likipanda mlima, bibi mmoja, mwigizaji mstaafu, mtandio umemfunika hadi kwenye nyusi, alisikia abiria wa kiti cha nyuma wakimsifu.

"Kwenye filamu alikuwa moto wa kuotea mbali," alisema fundi cherehani. "Machozi yake yalikuwa ya kweli!"

Mwenyewe akatabasamu. Yalikuwa ya kitunguu.

"Filamu si kitu, binti yangu," akajibu mzee mmoja. "Mimi nilimwona jukwaani. Kaletewa habari kwamba mwanawe kafa, akatugeuzia mgongo. Mgongo ule ukalia, ukumbi mzima ukalia nao."

"Mgongo ulie? Acha kamba, mzee wangu!"

Bibi alitamani kugeuka. Hakugeuka. Alishusha bega moja taratibu, kisha la pili.

Basi liliposimama akashuka, huku fundi akitafuta leso na mzee amevua kofia.