Wageni wa Tangi Dogo

Benchi letu liko mlangoni pa saluni ya Kinyozi, na ukishalikalia na kikombe cha kahawa mkononi, unakuwa mtaalamu wa lolote litakalopita mbele yako. Siku hiyo yalipita mambo ya samaki. Ndani ya saluni kuna tangi kubwa la kioo lenye samaki saba, mali ya binti wa Kinyozi aliyeko shule ya bweni. Walikuwa ishirini. Mwaka jana Kinyozi alinunua samaki mpya mmoja, akamtia humo moja kwa moja, kumbe ana ugonjwa, ukawaua wengi. Binti aliporudi hakumsemesha baba yake likizo nzima. Safari hii Kinyozi kanunua watatu, na kaapa watakaa karantini, mbali na wenzao, wiki nne kwanza.

Karantini yenyewe ilikuwa tangi dogo juu ya stuli, kando ya benchi letu. Halikuwa na kokoto wala mapambo, ila kichujio, kipande cha bomba cha kujifichia, na maji aliyoyaacha yatulie tangu juzi. Akawatia wageni wake, akarudi ndani kunyoa mteja. Hapo ndipo akili za benchi zilipoamka.

— Hilo bomba la nini? akauliza Msomi, tunayemwita hivyo kwa sababu husoma gazeti la mwenzake. Samaki atajiona yuko jela.

— Awekewe kioo cha kujitazama, akasema Kapteni, ambaye chombo pekee alichowahi kuendesha ni toroli. Akijiona, atadhani wako wengi. Samaki hafi kwa ugonjwa, anakufa kwa upweke.

— Wewe umemuuliza nani?

— Samaki ana mawazo, bwana. Mbona halali?

Msomi akaona anazidiwa ujinga, akaongeza wake. Akadai samaki wa dukani huzoea kelele, kwa hiyo wawashiwe redio, tena ya taarifa ya habari. Kapteni akakataa, akasema habari za siku hizi zitawamaliza kabla ya ugonjwa. Nikacheka mpaka kahawa ikanimwagikia. Watu wazima na ndevu zao.

Wakahamia kwenye joto la maji. Kipimajoto kilikuwa kimebandikwa pale kwenye kioo, lakini nani kijiweni anaamini kipimajoto? Msomi akatumbukiza mkono kwa wageni, akaingia saluni, akautumbukiza uleule kwenye tangi kubwa ili alinganishe.

— Huku nje kuna baridi, akatangaza aliporudi.

Kapteni akafanya vilevile, akarudi na jibu lake: joto ni sawasawa, tatizo ni ngozi ya Msomi. Wakabishana kama wanagombea urithi. Mwisho ikabidi niinuke mimi, mtu mwenye kichwa chake, nikate shauri. Nikakunja mikono ya shati, nikapima huku, nikapima kule. Nikawaambia wote wawili hawajui kitu.

Ndipo akafika dada mkubwa wa Kinyozi, amekuja kumletea mdogo wake wavu mpya, wa kutumia kwenye tangi dogo peke yake. Alisimama kidogo akitutazama, maji yakitudondoka viganjani.

— Shikamoo, dada, nikamwahi.

— Marahaba. Hebu niambieni, baina ya tangi hili na lile, mlinawa wapi?

Msomi akajifuta mkono kwenye suruali. Kapteni akaangalia barabarani, kama kuna mtu anamsubiri. Mimi niliyewacheka tangu asubuhi, nikaishusha mikono ya shati. Aibu ilinishika kwelikweli.

Mashine ya kunyolea ikazimwa. Kinyozi akamwacha mteja na kichwa nusu, akaenda kusimama mbele ya tangi kubwa. Hakugombana na mtu.

— Mwanangu anarudi Ijumaa, akasema, bila kugeuka kututazama.

Akaanza kuwahesabu wale saba kwa kidole, na sisi tukaficha mikono yetu chini ya benchi.