Jirani wa Juu ya Paa

Pale kona ya Mpumudde, mbele ya saluni ya Tonny, kuna benchi ambalo mguu wake mmoja ni tofali, na wanaolikalia wana maoni mengi kuliko kazi. Hajara ndiye huwauzia kahawa. Jioni hiyo runinga ya saluni ilikuwa imezimwa punde tu, baada ya ule mchezo wa Waingereza wa familia ya watu wa kiwandani, mchezo ulioonyeshwa miaka mingi hata watoto waliozaliwa ndani yake sasa wana vitambi. Ulikatikia pale jirani alipomposa mama mjane. Hajara akamimina kahawa bila kuinua macho. Jana Afande Isiko, askari magereza mstaafu, alimposa yeye, mjane vilevile, naye aliahidi jibu leo. Benchi halikujua.

— Mama akatae, alisema Ramula, muuza mukene, wale dagaa wa ziwani, aitwaye Redio kwa kuwa hazimiki. Mwanamume gani anasafisha mifereji ya paa la mwenzake miaka kumi na minne bila kuitwa?

— Labda ni mtu mwema, akasema Isiko.

— Afande, umelinda wezi miaka thelathini halafu unaamini wema?

— Nyumba zao zimeshikana ukuta, akasema Tonny, ambaye benchi humwita Profesa. Jamaa akikoroma, mama anasikia. Huyo kashamwoa kwa masikio. Lakini jogoo wa kumpa kaka yake mama ili amwoze dada yuko wapi? Bila jogoo hiyo si posa, ni ujirani.

— Kule Uingereza wanatoa pete, akasema Isiko.

— Kaka atakula pete?

Hajara alimfikiria kaka yake kule Mbale, ambaye kwa jogoo mmoja angeoza hata benchi.

— Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, akasema Ramula, ndiyo maana mumewe yule mama hashuki ngazini. Mimi nawaambia, yule mzee hakufa. Kafichwa darini. Jirani anampelekea chakula.

— Tulimwona akizikwa.

— Uliona sanduku, Profesa.

Natasha, mpangaji mpya wa nyumba ya nyuma, alikuwa amesimama akingoja kikombe.

— Na huyo mama, akauliza, yeye anampenda?

Miaka yote hiyo benchi lilijua presha yake, kodi yake, hata jina la paka wake. Tonny akamtazama Ramula. Ramula akatazama beseni lake. Isiko akachungulia kikombe kana kwamba mfungwa katorokea humo.

— Kahawa imekwisha, akasema Hajara, na birika mkononi bado zito.

Wakainuka wakinung'unika. Isiko naye akainuka, akavaa kofia polepole, kama mtu aliyesomewa hukumu.

— Wewe afande, akasema Hajara, nani kakwambia uinuke?