Mlango wa Pili wa Mvua

Theonest, rudisha mlango, ng'wana wane, mwanangu. Paskalina binti yangu, niinulie kichwa. Na wewe Lusia, mtoto wa dada yangu, sogea huku kwenye sikio langu zima, maana pumzi niliyobaki nayo si ya kurudia maneno. Nisikilizeni wote watatu. Marcel yuko uani anapokea shikamoo za watu kana kwamba mimi nimeshazikwa. Mwacheni apokee.

Mimi Mayala nimeitawala Bulamata, nchi hii ambayo bodaboda wa Geita hupita pembeni yake wasione ila miiba mitupu, nimeitawala bila kushika mkuki. Watemi walionitangulia walisifiwa kwa ng'ombe, mimi nilisoma. Nilisoma mawe mpaka nikajua dhahabu inapolala na inapohamia, nikasoma mawingu mpaka mvua ikawa inaniitikia kama mtoto aliyefunzwa adabu, na watu walitoka hadi Chato kuja kukaa miguuni pangu wajifunze. Ng'ombe gawaneni kama mila inavyosema, na msigombane mbele za watu. Kiti hakigawanywi. Kiti ni cha mtoto wa dada, na mkubwa kwa dada yangu Klara ni Marcel, kwa hiyo nilimfundisha yeye.

Elimu ya mvua ina milango miwili: kuiita, kisha kuizuia. Marcel alipoita wingu lake la kwanza likaja, hakungoja mlango wa pili. Alikimbilia mjini Kalangalala kujigamba kwa wanunuzi wa dhahabu, wakamcheka, wakamwambia kama kweli wewe ni mtemi mtarajiwa, tuzamishie duara la fulani, shimo lake la dhahabu kule upande wa Bulyanhulu, wachimbaji wake wanatuharibia biashara. Akalizamisha na watu wakiwa ndani. Ndugu yenu Ignas alikuwa humo chini, na Marcel alijua, kwa sababu asubuhi ile walikunywa uji pamoja hapa hapa nyumbani, na Ignas akamwambia anakokwenda.

Nilipomuuliza, alinitazama usoni akasema, "Mjomba, mvua haina macho." Basi, hilo tu! Wanasema damu nzito kuliko maji. Kamwulizeni Ignas.

Na mimi sikulia. Mnaujua mwiko wetu: mtemi mwenye simbi hii ya utemi shingoni akidondosha chozi, nchi inakauka, na watoto wa wenzake wanakufa njaa. Hata kaburini sikwenda. Nilikaa kwenye kigoda changu nimeuma meno, nikimsikia mama yenu akilia, na watu wakasema Mayala ana moyo wa jiwe. Nilimchukia Marcel, wanangu, na namchukia mpaka saa hii, asije padri wala mganga kunisihi nisamehe.

Lakini sikumfukuza. Ningemfukuza angekwenda kustarehe Mwanza. Kila masika nilimkalisha hapa nikamsifu, na aliponiuliza habari za kuzuia nikamjibu, "Aa, mvua ikichoka inakatika yenyewe." Naye kila alipoita, mimi nilikuwa nyuma ya ukuta naizuia kimya kimya. Mpaka leo anaamini inakatika yenyewe! Mbio za sakafuni huishia ukingoni. Siku ya kusimikwa, mtemi mpya huita mvua mbele ya watu, ndiyo mila, na kwa majivuno yake Marcel ataita kubwa kweli kweli, nayo haitakatika. Na mtemi aliyeshindwa na mvua, Bulamata humtoa kwa fimbo.

Theonest, kabla ya siku hiyo hamisha mifugo na wazee mpaka kilimani, sema unafuata malisho. Lusia, mlango wa pili nimekupa wewe peke yako, uliyemfumba Ignas macho kwa vidole vyako. Kaka yako atakujia analia. Usilegee. Mwambie asimame mbele ya watu wote aseme kwa kinywa chake alimzamisha nani, na kwamba alijua, ndipo uzuie. Akikataa, na maji yakafika magotini mwa ndama, zuia hivyo hivyo, maana wananchi hawana kosa, kisha useme wewe. Kiti kitakuwa chako. Klara atanilaani, na ana haki, ni mama.

Maji, Paskalina... Wabeja, asante.

Msinilaze kwa watemi, kwenye ngozi ya fahali mweusi. Nilazeni ubavuni mwa Ignas, kama baba yeyote. Pendaneni. Mungu na wazee waliotangulia... wajaze vibuyu vyenu maziwa, mgeni wenu asilale njaa, na asiwepo mtoto wenu... wa kufia gizani.

Haya. Theonest, nivue hii simbi. Vuta, usiogope. Mpelekee Marcel, mwambie... mjomba amekubariki. Tabasamu unapompa.

Imetoka? Basi sasa mimi si mtemi. Niacheni nilie. Ignas... mwanangu... Ignas...